Tembo wa Ubaoni na Tembo wa Porini

Swali ninalotaka tulifikiri pamoja safari hii si geni, ingawa hatujazoea kuliuliza kwa sauti. Mtu akimchora mnyama wa porini, akauza picha yake na kupata riziki, na mwingine akainunua, akaitundika sebuleni na kufurahi, je, kati yao hao wawili yuko mwenye deni kwa yule mnyama? Wengi watajibu upesi kwamba hayuko. Tembo hakunyang'anywa kitu. Picha haimpunguzii hata unywele mmoja wa mkia wake. Na mchoraji naye ana watoto wa kulisha, karo za kulipa na kodi ya chumba inayomngoja mwisho wa mwezi.

Jibu hilo lina akili, wala sitaki kulibeza. Lakini sisi tukaao Msasani na jirani zake hatuna ruhusa ya kulimeza bila kulitafuna, maana biashara ya picha za wanyama ilizaliwa hapa hapa kwetu. Ukitoka kijiji cha wavuvi, ukapita makaburi ya kale, ukafuata barabara ya Haile Selassie kwenda upande wa Oyster Bay, utafika mahali panapoitwa Morogoro Stores. Hapo ndipo Edward Saidi Tingatinga alipokuwa akiuza picha zake, na jina lake likawa jina la sanaa nzima inayojulikana leo Ulaya, Japani na Marekani.

Tingatinga alizaliwa mwaka 1932 huko Tunduru, kusini kabisa mwa nchi yetu. Baba yake alikuwa Mngindo na mama yake Mmakua. Alikuja Dar es Salaam kutafuta kazi kama walivyofanya vijana wengi wa kusini, akafanya vibarua vya namna mbalimbali na utumishi wa nyumbani. Alianza kuchora mwaka 1968 hivi, naye hakuwa amesomea. Alichukua hadibodi, yaani zile mbao nyepesi za kupigia dari, akazipaka rangi ya baiskeli, ile ya mafuta inayong'aa. Mtu wa chuo cha sanaa angesema hivyo si vifaa. Yeye hakuwa na vingine, akajaribu, na jaribio lake likafaulu kuliko alivyotazamia mtu yeyote. Mwaka 1972 polisi waliokuwa wakifuatilia gari walimdhania kuwa mhalifu, wakampiga risasi, akafa. Kazi yake yote ya uchoraji ni ya miaka minne tu. Vijana aliokuwa amewafundisha waliendelea, wengi wao jamaa zake, na mwaka 1990 wachoraji wakaunda chama chao cha ushirika.

Sasa nawaomba mtazame kwa makini picha zake za mwanzo, kama mmewahi kuziona hata katika kitabu. Mara nyingi yumo mnyama mmoja: chui, au tembo, au ndege mwenye mkia mrefu. Amesimama katikati ya ubao, mkubwa, macho yakikutazama. Na nyuma yake? Rangi moja tu, nyeupe au ya udongo au ya njano. Pengine kuna kijiti au jani, basi. Pori halimo. Mto, moto wa kiangazi, miombo, mashamba ya mtama, njia ya miguu, vyote vimeachwa nje. Sisemi kwamba alikosea, maana uzuri wa picha zile watoka hapo hapo, na mtu anayejua kuchora hujua pia la kuacha. Yeye alikuwa mtu wa Tunduru. Pori alilokulia karibu nalo lilikuwa kichwani mwake hata kama halikuwa ubaoni.

Waliokuja baada yake walijaza ule uwazi. Nenda leo uone. Ubao mmoja una twiga kumi na wawili, au kundi la tembo limebanana hata hakuna pa kuweka kidole, na Mlima Kilimanjaro umekaa nyuma na theluji yake. Nyingine zina samaki juu ya samaki tangu pembe moja hadi nyingine. Picha hizi huchangamsha macho, na baadhi ni nzuri kweli. Lakini vijana wengi wanaozichora wamezaliwa na kukulia mjini, na kwenda mbugani kwa Mtanzania wa kipato cha kawaida ni safari ya gharama. Kwa hiyo wengi hujifunza tembo kutoka kwa tembo wa mwalimu wao, naye mwalimu alijifunza kwa mwalimu wake. Picha imezaa picha. Imefika mahali ambapo haimhitaji tena mnyama, na hata akitoweka wote kabisa, kazi itaendelea Jumatatu asubuhi kama kawaida, rangi zipo na mbao zipo.

Hapo ndipo wasiwasi wangu ulipo, na hesabu ya tembo wenyewe inauzidisha.

Upande wa kaskazini wa Tunduru ndiko lilikokuwa Pori la Akiba la Selous, lenye ukubwa wa karibu kilometa za mraba 50,000, ambalo lilipewa jina la mwindaji Mwingereza aliyeuawa huko vitani mwaka 1917. (Ni ajabu kidogo kwamba hifadhi ya wanyama ilipewa jina la mtu aliyesifika kwa kuwapiga risasi, lakini hayo tuyaache.) Katika miaka ya 1970, wakati wanafunzi wa Tingatinga wakizoea brashi, tembo wa Selous walikadiriwa kuwa kama 110,000. Ujangili wa miaka ya 1980 ukawapunguza vibaya, hata serikali ikaanzisha Operesheni Uhai mwaka 1989, na mwaka huo huo biashara ya meno ya tembo ikapigwa marufuku duniani, nchi yetu ikiwa mstari wa mbele kuitaka marufuku hiyo. Wakaanza kuongezeka, wakafika kama 70,000 katikati ya miaka ya 2000. Halafu jangili akarudi. Hesabu ya mwaka 2013 iliwakuta kama 13,000. Kwa nchi nzima, waliokuwa 109,000 mwaka 2009 walionekana 43,000 na ushei ilipotangazwa hesabu ya mwaka 2014. Tangu hapo taarifa za serikali zasema wameanza kupanda tena, na sehemu kubwa ya Selous ilifanywa kuwa Hifadhi ya Taifa ya Nyerere mwaka 2019.

Je, meno ya tembo hao yalipita wapi? Baadhi yalipita hapa. Mwezi wa Novemba mwaka 2013, katika nyumba moja ya Mikocheni, yaani kwa jirani yetu wa kutembelea kwa miguu, yalikutwa meno ya tembo 706. Yalifichwa pamoja na makombe ya konokono na vitunguu saumu ili harufu isitoke. Wachina wawili walihukumiwa kwa ajili ya mzigo huo mwaka 2016, kila mmoja miaka 35. Tembo hawi na meno zaidi ya mawili. Kwa hiyo, kwa hesabu ya mtoto wa darasa la tatu, katika nyumba ile palikuwa na tembo wasiopungua 353. Nao hawakuchorwa.

Fikiri basi jinsi mambo yalivyokaa. Upande huu wa mtaa walikuwa tembo wa rangi ya baiskeli, wanacheka na mkonga juu, wakingoja mgeni wa kuwanunua. Upande wa pili, kwa mwendo wa robo saa, walilala tembo wengine chini ya vitunguu. Wote wawili walikuwa wametolewa porini wakaletwa mjini kuuzwa kwa watu wa mbali. Sijasema biashara hizi ni sawa. Moja ilikuwa kazi ya halali ya mikono na nyingine ilikuwa mauaji na wizi. Nasema tu kwamba ile ya kwanza haikuizuia ya pili kwa lolote. Na pengine ilitufanya tusione, kwa kuwa mtu aliyezungukwa na tembo kila ukuta, kwenye sinia, kwenye vitenge, kwenye mlango wa hoteli na kwenye bahasha za ofisi za watalii, si rahisi aamini kwamba tembo wanakwisha.

Rafiki yangu mmoja, mtu mwenye hoja, aliponisikia nikisema haya aliniuliza: wataka wachoraji wafanye nini, wakamate majangili? Wao ni mafundi kama seremala. Seremala hadaiwi miti.

Nimelifikiri hilo la seremala, na nadhani rafiki yangu alichagua mfano unaomgeuka. Kwa nini seremala asidaiwe miti? Anayekata mninga usiku na mchana bila kujali kama kuna mwingine unaoota, sote twajua kwamba anakula mtaji wa wajukuu zake. Twamwambia apande, au alipe ushuru wa msitu ili wengine wapande. Tofauti ya mchoraji ni kwamba hakati kitu, na kwa sababu hakati, hakuna ushuru. Anatumia kitu kisichoonekana: ile heshima, ule woga na ule mshangao ambao viumbe hawa wameuweka ndani ya watu kwa miaka elfu nyingi. Mgeni hanunui rangi na ubao. Ananunua habari kwamba mahali fulani kuna tembo. Siku habari hiyo ikiwa si kweli, kilichouzwa kitakuwa uongo mzuri.

Kwa hiyo naona deni lipo. Nani hasa alipwe ndilo swali gumu zaidi, nami nikilishika namkuta mtu mwingine aliyeachwa nje ya picha.

Pori halimo katika ubao wa Tingatinga, tumesema. Lakini mtu naye hamo katika pori la watalii. Wageni wakiambiwa Selous hufikiri ni nchi ambayo tangu kuumbwa haikukanyagwa na binadamu. Si kweli. Ungindo ilikuwa na vijiji, makaburi, miembe, na mashujaa wa Maji Maji wa miaka ya 1905 hadi 1907. Katika miaka ya 1940 serikali ya kikoloni iliwahamisha maelfu ya watu wa Liwale, ikitaja malale na uharibifu wa tembo, na nchi waliyoiacha ikaunganishwa na pori la akiba. Pori likaitwa pori kwa sababu watu walitolewa. Tingatinga, mtoto wa Mngindo, akaja kuuza wanyama wa nchi ile mlangoni pa duka la mjini. Sijui kama yeye mwenyewe aliwahi kulitazama jambo hili kwa jicho hilo.

Na wale waliobaki kando ya pori wanalipa hata sasa. Watafiti walihesabu kwamba kati ya mwaka 1990 na 2004 simba waliua watu zaidi ya 560 nchini mwetu, wengi wao katika wilaya za kusini na pwani, Lindi na Rufiji zikiwemo. Wengi walishikwa wakati wa mavuno, wakilala katika madungu shambani kulinda mazao yasiliwe na nguruwe pori. Maana nguruwe hufuata mahindi, na simba humfuata nguruwe, na katikati yao yupo mzee na mkewe na kuta za makuti. Tembo nao hula shamba la mwaka mzima usiku mmoja. Kuna kinachoitwa kifuta machozi na kifuta jasho. Kanuni za mwaka 2011 ziliweka shilingi 1,000,000 kwa familia ya aliyeuawa na mnyama mkali, na kwa mazao kati ya shilingi 25,000 na 100,000 kwa eka, isizidi eka tano. Maneno yenyewe yamechaguliwa kwa uangalifu: machozi hufutwa, hayalipwi. Picha za Tingatinga mwenyewe leo zauzwa minadani Ulaya kwa maelfu ya dola.

Kwa upande mwingine, tulipotaka kuwaokoa tembo kwa nguvu, tuliumiza watu. Operesheni Tokomeza ya mwaka 2013 ilisimamishwa baada ya majuma machache tu kwa sababu ya malalamiko ya mauaji, mateso na mifugo kuuawa, na mawaziri wanne wakaondolewa mwezi wa Desemba baada ya taarifa ya kamati ya Bunge. Basi asiseme mtu kwamba kumpenda mnyama ni jambo lisilo na damu. Inategemea anayependa yuko wapi na nani anayegharimia mapenzi yake.

Mwalimu Nyerere, ambaye alikuwa mwenzetu hapa Msasani kwa miaka mingi, aliliona hili mapema. Mwezi wa Septemba mwaka 1961, pale Arusha, miezi michache kabla ya Uhuru, alitangaza kwamba wanyama wa porini na mapori wanamokaa ni amana, na kwamba tutafanya kila tuwezalo ili wajukuu wa watoto wetu nao waurithi utajiri huo. Inasimuliwa kwamba yeye binafsi hakuwa na hamu ya kutazama wanyama na aliona ni ajabu mtu kutumia likizo yake kumtazama mamba. Mimi naipenda habari hiyo kuliko hotuba nyingi. Mtu anaweza kulinda kitu asichokifurahia, kwa kuwa ameona kwamba si chake peke yake. Aliyesoma Kitabu cha Ayubu atakumbuka kwamba huko mwishoni Ayubu anaulizwa maswali mengi juu ya wanyama ambao hawamfai kwa kulima wala kwa kupanda, na hapewi maelezo kwa nini waliumbwa.

Tutoke sasa kidogo katika pwani yetu twende kaskazini kabisa ya dunia, kwa sababu huko nako swali hili la picha na pori limejaribiwa, ila kwa njia ambayo fundi wa Morogoro Stores angeishangaa.

Nchi zile za barafu zinapata joto karibu mara nne zaidi ya wastani wa dunia tangu mwaka 1979. Barafu ya baharini inapungua, na dubu mweupe, ambaye huwinda sili akisimama juu ya barafu hiyo, anakosa pa kusimama. Huyo dubu yamempata ya tembo wetu: amechapishwa katika kadi, katika mabango ya michango na katika chupa za soda, mpaka watu wakamzoea. Picha yake haimshtui mtu tena. Ndipo msanii mmoja, Olafur Eliasson, mtu wa Denmark mwenye asili ya Iceland, akishirikiana na mwanajiolojia Minik Rosing wa Greenland, akaacha kuchora kabisa. Walivua vipande vya barafu vilivyokwisha kukatika na kuelea katika ghuba karibu na mji wa Nuuk, wakavisafirisha, wakaviweka uwanjani mjini, mbele za watu: Copenhagen mwaka 2014, Paris mwaka 2015 wakati wa mkutano wa mataifa juu ya hali ya hewa, na London mwaka 2018. Katika Paris vilikuwa vipande kumi na viwili, vimepangwa kwa duara kama saa.

Watu walivigusa. Watoto walivilamba. Wengine waliweka sikio wakasikia mlio mdogo wa hewa ya kale ikitoka katika barafu inayoyeyuka. Baada ya siku kadhaa palibaki maji, kisha pakakauka. Hapakuwa na cha kutundika sebuleni.

Wapo waliolaumu, kwamba ni upuuzi kuchoma mafuta ya meli na malori ili kubeba barafu ikawaonye watu juu ya kuchoma mafuta. Lawama hiyo ina haki yake. Wengine wangeuliza, nao wana haki pia, mbona wavuvi na wawindaji wa Greenland wenyewe, ambao barafu ni barabara yao, hawakusimama pale uwanjani kusema. Hata hivyo nadhani lile jaribio liligundua jambo ambalo sisi na ubao wetu tumelisahau. Kazi ile iliugua pamoja na kitu chenyewe. Ilipokwisha, ilikwisha. Haikuweza kuendelea Jumatatu asubuhi bila barafu.

Wala tusidhani majaribio ya namna hiyo ni ya Wazungu peke yao. Huko Lamu, fundi wa majahazi Ali Skanda na wenzake waliunda jahazi kwa plastiki iliyookotwa fukoni, wakalifunika kwa ndala zilizokwisha, kama 30,000, za kila rangi. Waliliita Flipflopi, wakalishusha majini mwaka 2018, na mwaka uliofuata likasafiri mpaka Unguja, likitia nanga njiani na kuwakusanya wenyeji. Ukilitazama unacheka kwanza, kwa kuwa linapendeza kama khanga. Kisha unakumbuka kwamba kila ndala ile ilikuwa tumboni mwa bahari, mahali pa kasa. Kule Kenya wapo pia wanaochonga twiga na kasa kutoka katika ndala hizo hizo za fukoni. Twiga wa takataka: nakiri ni kitu cha kukuchanganya akili, lakini walau kimekuambia ukweli juu ya mahali kilikotoka.

Na hapo turudi Msasani, maana sisi nasi tuna pori, ingawa hatuliiti hivyo. Liko chini ya maji. Ghuba yetu ina matumbawe ambayo samaki wale wa ubaoni wangeyatambua, kama wangekuwa hai. Visiwa vya Bongoyo, Mbudya, Pangavini na Fungu Yasini vilitangazwa kuwa hifadhi tangu mwaka 1975. Kutangazwa ni jambo moja. Kwa miaka mingi baada ya hapo watu wa pwani hii walisikia baruti ikilia baharini mchana kweupe, wakati mwingine mara kadhaa katika asubuhi moja. Baruti inaua samaki wakubwa na wadogo, mayai na vifaranga, nayo inavunja tumbawe lililojengwa kwa mamia ya miaka; mvuvi huokota sehemu tu ya waliokufa, waliobaki huzama. Tumbawe lingine lilichimbwa likachomwa chokaa, na nyumba zetu kadhaa za zamani zilipakwa chokaa hiyo. Joto la bahari la mwaka 1998 nalo likaja likayapausha mengi. Tangu msako mkali wa kati ya mwaka 2016 na 2018 milio ya baruti imepungua sana, nao wavuvi wa mshipi na wa nyavu halali ndio wa kwanza kushukuru, kwa kuwa wao ndio waliokuwa wakiibiwa.

Katika miaka yote hiyo ya baruti, picha za samaki ziliendelea kuuzwa barabarani, samaki wa buluu na wa njano, wamejaa pembe hadi pembe. Sijawahi kuona ubao mmoja wenye tumbawe lililovunjika. Huenda upo. Huenda mnunuzi hautaki, na mchoraji anajua soko lake kuliko mimi. Simlaumu kwa kutaka kuuza. Lakini mafundi hawa wamekwisha kuthibitisha kwamba wanaweza kuchora mengine wakitaka: wamechora hospitali na mganga wa kienyeji, arusi na misiba, soko na basi lililojaa, na zote zimepata wanunuzi. Mkono uliojua kumchora mgonjwa wa malaria na huzuni yake hauwezi kushindwa na bahari inayougua.

Wengine watanitaka niseme kima cha deni, shilingi ngapi kwa kila ubao na zipelekwe wapi. Ningependa ushirika wenyewe ulijadili. Kuna vijiji vya Tunduru vilivyotenga ardhi yao iwe mapito ya tembo kati ya hifadhi ya Nyerere na Mto Ruvuma, ili wavuke kwenda Msumbiji. Hao wana mashamba yanayoliwa, na ni watu wa nyumbani kwa mwanzilishi. Jina la kijiji likiandikwa nyuma ya ubao, pamoja na kiasi kidogo kilichotengwa, mnunuzi wa Tokyo au Oslo angejua walau kwamba tembo wake anakaa mahali penye watu.

Lakini kabla ya fedha liko jambo rahisi zaidi, nalo ni macho. Safari ya mbugani ni ghali kwa kijana anayechora picha ndogo za kuuza kwa mgeni anayebisha bei. Bongoyo si mbali hivyo. Inaonekana ukiwa ufukoni hapa, na mashua zinaondoka Msasani kila siku bahari ikiwa shwari. Vijana wanane au kumi wa brashi wangeweza kuchangishana nauli na kiingilio cha hifadhi, wakapelekwa na mvuvi mzee anayejua tumbawe lilikuwa wapi mwaka 1980 na liko wapi sasa, wakatia vichwa majini na kutazama. Miwani ya kuzamia inaweza kuazimwa.